Jukwaa Si Pambo la Sikukuu: Tujifunze kwa Therese Giehse



Katika parokia zetu nyingi mchezo wa kuigiza hukumbukwa pale tu sikukuu inapokaribia. Siku ya somo wa parokia, siku ya upadirisho, siku ya Noeli, vijana huombwa waandae kitu cha dakika 20 ili wageni wachangamke wakati chakula kinapangwa mezani. Mlevi anayumbayumba, mkewe anapiga kelele, katekista anaingia na Biblia mkononi, mlevi anaongoka, watu wanapiga makofi. Kesho yake hakuna anayekumbuka kilichosemwa. Sisemi kwamba kucheka ni dhambi. Nasema kwamba tumeligeuza jukwaa kuwa pambo, na pambo huondolewa sikukuu ikiisha.

Maoni yangu ni haya: uwezo wa kuigiza ni talanta kamili, kama ile ya mtumishi katika Injili ya Matayo, sura ya 25. Bwana hatauliza tu kama tuliifukia. Atauliza pia tulifanya nayo biashara gani, na kwa faida ya nani. Ili nisiseme maneno matupu, nataka niwaeleze maisha ya mwigizaji mmoja Mjerumani wa jukwaa na wa filamu, Therese Giehse. Hakuwa Mkatoliki. Alikuwa Myahudi, na waandishi aliowaigiza wengi wao hawakuwa watu wa kanisani. Nimemchagua nikijua hayo, na nitajibu mbele kidogo wale watakaouliza kwa nini.

Therese alizaliwa mjini Munich, kusini mwa Ujerumani, tarehe 6 Machi 1898, katika familia ya wafanyabiashara. Jina la ukoo wake lilikuwa Gift, neno ambalo kwa Kijerumani maana yake ni sumu. Jukwaani akajiita Giehse. Hakuwa na sura wala umbo la wale ambao picha zao hubandikwa kwenye milango ya sinema. Alijifunza uigizaji kati ya mwaka 1918 na 1920, akaanzia katika kumbi za miji midogo, na mwaka 1926 akapokelewa katika Kammerspiele, mojawapo ya kumbi zenye heshima kubwa mjini Munich. Naomba mlitie moyoni jambo hilo, hasa ninyi mabinti mnaoambiwa kila siku na simu zenu kwamba thamani ya msichana ni uso wake. Kazi ya mama huyu ilidumu zaidi ya miaka 50, kwa sababu haikujengwa juu ya urembo unaonyauka. Ilijengwa juu ya kumtazama mwanadamu kwa makini na kumwonyesha alivyo.

Tarehe 1 Januari 1933, Therese pamoja na rafiki yake Erika Mann na nduguye Erika, Klaus, wote wawili watoto wa mwandishi Thomas Mann, walifungua kikundi kidogo cha maonyesho mjini Munich. Walikiita Die Pfeffermühle, yaani Kinu cha Pilipili. Walicheza katika ukumbi mmoja mdogo karibu na Hofbräuhaus, ile nyumba ya bia ambamo mwaka 1920 chama cha Hitler kilikuwa kimetangaza mpango wake. Nyimbo fupi, vichekesho, ngano za watoto zilizogeuzwa kidogo: hizo ndizo zilikuwa silaha zao. Hawakusimama jukwaani kumtukana mtu kwa jina. Wazee wetu husema, fumbo mfumbie mjinga, mwerevu hulitambua. Na werevu waliokuja kutazama walitambua. Kabla ya mwezi kwisha, tarehe 30 Januari, Hitler akawa mkuu wa serikali ya Ujerumani. Mwezi wa Machi Therese alikuwa amekwisha kuvuka mpaka.

Hapo angeweza kunyamaza. Mkimbizi hutafuta kwanza mahali pa kulala, na hakuna anayemlaumu. Lakini majira ya vuli ya mwaka ule ule Kinu cha Pilipili kilifunguliwa tena, safari hii mjini Zürich, nchini Uswisi. Mwezi wa Novemba 1934 wafuasi wa Kiswisi wa siasa kama ile ya Hitler walikuja kufanya fujo ukumbini, ikabidi polisi waingilie kati. Kikundi hakikuvunjika. Kilizunguka Uswisi, Chekoslovakia, Uholanzi, Ubelgiji na Luxembourg, kikatoa maonyesho zaidi ya 1000. Mwanzoni mwa mwaka 1937 kilijaribu bahati yake New York, lakini huko hakikufaulu, maana kichekesho kilichofinyangwa kwa Kijerumani hakikusisimua kwa lugha nyingine. Erika alibaki Marekani. Therese alirudi Zürich na kuendelea kuigiza katika Schauspielhaus, ukumbi uliowapokea waigizaji wengi waliokimbia.

Wakati huo huo, nyumbani Ujerumani, wapo waliobaki na kupanda vyeo. Gustaf Gründgens, mwigizaji hodari aliyewahi kuwa mume wa Erika Mann, alikabidhiwa mwaka 1934 uongozi wa ukumbi mkuu wa dola mjini Berlin, chini ya ulinzi wa Göring. Sitaki kumhukumu kwa haraka. Inajulikana kwamba kwa cheo chake aliwakinga baadhi ya wenzake waliokuwa hatarini. Hata hivyo, kila jioni pazia lilipofunguliwa katika ukumbi ule mzuri, dola lilikuwa linaonyesha uso wake wa kistaarabu, na walioketi katika viti vya mbele ndio waliokuwa wakiwafunga watu. Wote wawili, Gründgens na Giehse, walikuwa na kipaji kikubwa. Kilichowatofautisha ni jibu la swali moja: kipaji hiki kinamtumikia nani? Swali hilo halihusu waigizaji peke yao. Mwimbaji wa kwaya anayeitwa kuimba katika mkutano wa mwanasiasa, kijana mwenye kamera anayelipwa kupiga picha za kumpamba mkubwa, msomi anayeandika hotuba za mtu ambaye hamwamini: wote wako katika njia panda hiyo hiyo.

Sasa tufike kwenye jioni ya tarehe 19 Aprili 1941. Ulaya ilikuwa inawaka moto. Uswisi ilikuwa kama kisiwa kilichozungukwa na majeshi. Katika Schauspielhaus ya Zürich uliigizwa kwa mara ya kwanza mchezo wa Bertolt Brecht, Mutter Courage und ihre Kinder, yaani Mama Courage na Wanawe, ukiongozwa na Leopold Lindtberg. Mwandishi mwenyewe alikuwa uhamishoni Finland. Aliyebeba nafasi ya Mama Courage alikuwa Therese Giehse.

Mchezo huo unatupeleka katika Vita vya Miaka 30, vilivyoiteketeza Ujerumani kuanzia mwaka 1618 hadi 1648, Wakatoliki na Waprotestanti wakichinjana, kila upande ukiwa na jina la Mungu kwenye bendera. Mama huyo anaitwa Anna Fierling. Anakokota gari lake la bidhaa nyuma ya majeshi, akiwauzia askari vinywaji, mikanda na viatu. Jina la Courage, neno tunalolitumia hata sisi kila siku, alilipata kwa sababu alipita na gari katikati ya mizinga ya mji wa Riga akiwa na mikate 50, asije akaipoteza kwa ukungu. Ndiyo kusema, ujasiri wake ulizaliwa na hofu ya hasara. Waprotestanti wakitawala, gari lina bendera yao; Wakatoliki wakishinda, anabadilisha bendera. Anao watoto watatu, na anawapenda kweli. Lakini anapojadili bei ya kifungo cha mkanda, mwana wa kwanza anachukuliwa jeshini. Anapobishana juu ya kiasi cha rushwa ya kumkomboa mwana wa pili, muda unapita na mwana anapigwa risasi. Kisha analetewa maiti yake, naye, ili asikamatwe, anatikisa kichwa kwamba hamjui. Msomaji wa Injili hawezi kusoma hapo bila kusikia jogoo akiwika.

Mtoto wa tatu ni binti, Kattrin. Ni bubu. Usiku mmoja askari wa Kikatoliki wanaunyemelea mji wa Halle ambao umelala. Mama yuko mjini kwa shughuli za biashara. Wakulima walioachwa na Kattrin wanaona hatari, wanapiga magoti na kuomba, wakisema hakuna la kufanya. Binti anasikia kwamba mjini mna watoto wadogo. Anachukua ngoma, anapanda juu ya paa, anavuta ngazi na kuanza kupiga. Wanamwamuru aache, wanambembeleza, wanamtishia, anapiga tu. Mwishoni wanamtandika risasi. Lakini mji umekwisha kuamka. Mama anarudi, anamkuta amekufa, analipa gharama za mazishi, kisha anajifunga kamba ya gari na kulikokota peke yake, kulifuata jeshi.

Vijana wa Kongo hawahitaji maelezo marefu ya mchezo huu. Tunavijua vizuizi vya barabarani ambapo kila anayepita analipa. Tunajua njia ambazo dhahabu na koltani hupita kutoka shimoni mpaka kwa mnunuzi, na tunajua kwamba katika kila kituo yupo mtu ambaye amani ingemharibia hesabu. Si majenerali peke yao. Yupo mwenye duka, yupo mwenye lori, yupo mwenye nyumba anayekodisha, yupo hata mama anayelea watoto vizuri na kuwapeleka katekisimu. Mama Courage ni jirani yetu. Mara nyingine ni sisi.

Na hapa ndipo kazi ya Giehse inapotufundisha jambo gumu. Watazamaji wa Zürich walimlilia. Waliona mama mwenye uchungu, mnyama asiyekufa anayevumilia kila pigo, wakaenda nyumbani wameguswa moyo. Brecht alipopata habari hakufurahi. Yeye alitaka watu waone kwamba mama huyu analiwa na vita kwa sababu naye anavila. Akabadilisha baadhi ya maneno ili ugumu wa mfanyabiashara uonekane wazi zaidi, na mchezo ukachezwa upya Berlin mwezi wa Januari 1949, Helene Weigel akiwa Mama Courage. Kisha mwezi wa Oktoba 1950, katika Kammerspiele ya Munich, Brecht mwenyewe aliongoza mchezo huo, na aliyemchagua kwa nafasi ya mama ni yule yule Giehse. Mwigizaji aliyekwisha kusifiwa kwa nafasi hiyo alikubali kuianza tena kwa namna nyingine, tena katika mji uliomfukuza miaka 17 iliyopita.

Mimi ni katekista, na katika jambo hili nadhani watazamaji na mwandishi walikuwa kila mmoja na nusu ya ukweli. Machozi ni mema. Bwana wetu alilia kaburini pa Lazaro. Lakini machozi yanayokauka mlangoni pa ukumbi hayajamfaa mtu. Tumelia sana katika nchi hii. Tumelia katika misa za marehemu, tumelia katika maandamano, tumelia mbele ya luninga. Swali ambalo mchezo ule unatuachia ni lingine: katika kilio hiki, mkono wangu uko wapi? Nabii Nathani alipomwendea mfalme Daudi, katika kitabu cha pili cha Samweli, sura ya 12, hakuanza na mahubiri. Alisimulia kisa cha tajiri aliyemnyang'anya maskini kondoo wake mmoja. Daudi akawaka hasira, akatoa hukumu. Ndipo nabii akamwonyesha kwamba hukumu ile ameitoa juu yake mwenyewe. Huo ndio mchezo wa kuigiza katika ubora wake. Unamwacha mtazamaji ahukumu kwanza, kisha unamgeuzia kioo. Michezo yetu ya mlevi na katekista haifanyi hivyo, kwa kuwa inamwonyesha mtu mwingine, na sisi tuliokaa kwenye viti tunatoka wasafi kama tulivyoingia.

Na kuhusu wale wakulima waliopiga magoti, wakati bubu anapiga ngoma, msidhani nataka kudharau sala. Sala ni pumzi yetu. Lakini nabii Ezekieli, sura ya 33, anatuambia juu ya mlinzi wa mji: akiuona upanga unakuja asipige tarumbeta, damu ya waliokufa itadaiwa mkononi mwake. Hasemi kwamba kusali kwake kutamtoa katika deni hilo. Mungu alimpa tarumbeta. Kattrin hakuwa na sauti, akapewa ngoma. Kijana wa parokia asiye na cheo, asiye na fedha, asiyesikilizwa katika vikao vya wakubwa, naye ana paa lake na ngoma yake. Jukwaa ni moja ya paa hizo.

Sasa nijibu wale watakaoniuliza: kwa nini utuletee mwanamke asiye wa imani yetu, rafiki wa waandishi wa mrengo wa kushoto, ambaye mwaka 1936 alifunga ndoa na mwandishi Mwingereza, John Hampson, ili tu apate hati ya kusafiria ya Kiingereza? Swali ni la haki. Kuhusu ndoa ile, mafundisho ya Kanisa yako wazi: kiapo cha mdomoni ambacho moyo umekikataa hakifanyi ndoa, nami siwezi kuwapa kitendo hicho kama mfano wa kuiga. Lakini anayetaka kumnyoshea kidole na akumbuke pia ni nani aliyemfikisha mahali ambapo karatasi ndiyo iliyoamua uhai. Mkimbizi wetu aliyelala nje ya ofisi akingoja mhuri anaelewa. Dhambi kubwa katika kisa kile ilikuwa ya wale waliotunga sheria za kuwatenga watu kwa damu yao.

Kuhusu imani yake, nasema hivi: Msamaria wa Injili hakuwa wa sinagogi moja na wale waliopita kando. Kanisa halijawahi kufundisha kwamba ukweli unakaa ndani ya kuta zetu pekee. Tena jukwaa si kitu kigeni kwetu. Mwaka ule ule wa 1941, katika mji wa Kraków uliokuwa chini ya Wajerumani, Mieczysław Kotlarczyk alianzisha kwa siri kikundi kilichoitwa Teatr Rapsodyczny. Walikutana katika nyumba za watu, bila mapambo, bila mavazi ya maana, wakitamka maneno ya washairi wa taifa lao ambalo mkoloni alitaka life. Mmoja wa vijana waliosimama pale alikuwa mfanyakazi aliyeitwa Karol Wojtyła. Ndiye tuliyemjua baadaye kama Yohane Paulo wa Pili, yule aliyekuja kwetu mwaka 1980, akarudi mwaka 1985 kumtangaza Anuarite kuwa Mwenyeheri. Mwaka 1999, akiwa Papa na mzee, aliwaandikia wasanii wa dunia barua nzima. Hakuiona miaka yake ya jukwaani kama utoto wa kuficha.

Baada ya vita Giehse hakupumzika. Tarehe 29 Januari 1956, katika ukumbi ule ule wa Zürich, alikuwa wa kwanza kumwigiza Claire Zachanassian katika mchezo wa Friedrich Dürrenmatt unaohusu ziara ya bibi kizee tajiri. Bibi huyo anarudi katika mji mdogo alikozaliwa, mji uliofilisika. Zamani, akiwa msichana, kijana mmoja wa hapo alimpa mimba akamkana, na mahakama ikanunuliwa kwa mashahidi wa uongo. Sasa anaahidi kuupa mji fedha zisizohesabika kwa sharti moja: yule mwanamume auawe. Meya anakataa kwa heshima zote, watu wanashangilia. Bibi anasema atangoja. Siku zinapita, na wananchi, mmoja baada ya mwingine, wanaanza kununua kwa mkopo. Viatu vipya vya manjano vinaonekana miguuni mwa watu. Hata kanisa linapata kengele mpya. Hakuna aliyesema ndiyo, lakini kila mmoja amekwisha kutumia fedha ya damu ambayo haijafika. Mwisho mnaujua.

Nawaomba mwangalie viatu hivyo vya manjano. Rushwa haianzi siku ya kutia sahihi. Inaanza siku tunapoishi juu ya kipato ambacho hatuna, tukitumaini kwamba kitatoka mahali fulani. Fulana ya kampeni, kilo ya chumvi, ahadi ya kazi, na tayari tuna viatu vya manjano. Kinyume chake, sisi Wakongo tumepewa shahidi wetu. Floribert Bwana Chui, kijana wa Goma, mfanyakazi wa ofisi ya ukaguzi wa bidhaa, alikataa fedha alizopewa ili aruhusu chakula kilichoharibika kipite kwenda kuliwa na watu. Mwezi wa Julai 2007 aliuawa, akiwa na miaka 26. Tarehe 15 Juni 2025 alitangazwa Mwenyeheri mjini Roma. Mji wa Dürrenmatt ulikuwa na maelfu ya watu na haukumpata hata mmoja wa namna hiyo. Kikundi cha vijana kitakachoigiza kisa cha bibi yule jioni moja, na maisha ya Bwana Chui jioni ya pili, hakitahitaji mhubiri wa kuunganisha.

Katika filamu pia Giehse aliacha alama. Mwaka 1958 alikuwa mkuu mkali wa shule katika Mädchen in Uniform, pamoja na Romy Schneider. Lakini filamu ninayotaka mwijue ni Lacombe Lucien ya Louis Malle, iliyotoka mwaka 1974. Lucien ni kijana wa shamba, kusini-magharibi mwa Ufaransa, mwaka 1944. Anaomba kujiunga na wanaopigania uhuru wa nchi. Wanamkataa kwa kuwa ni mdogo. Jioni moja, karibu kwa bahati tu, anaangukia mikononi mwa Wafaransa wanaowatumikia polisi wa Kijerumani. Wanampa kinywaji, wanampa bunduki, wanampa nguo nzuri, wanamwita kwa jina. Hakuna aliyempa hayo kabla. Tangu hapo anakuwa mtesaji. Anaingia katika nyumba ambamo familia ya Kiyahudi imejificha, na ndani mna bibi mzee anayecheza karata peke yake, karibu haneni kitu. Bibi huyo ni Giehse. Mwigizaji aliyeanza kupambana kwa nyimbo za Kinu cha Pilipili anamaliza kwa ukimya. Anamtazama tu kijana mwenye bunduki, na katika macho yale kuna hukumu na kuna huruma.

Nani kati yetu hamjui Lucien? Alikaa benchi moja na sisi katika mafundisho ya kipaimara. Aliomba nafasi katika kwaya, tukamwambia imejaa. Aliomba nafasi kwenye timu, tukamwambia arudi mwakani. Kisha wakaja watu wenye bunduki, wakamwita kwa jina. Simwondolei kijana yeyote wajibu wa matendo yake. Nasema tu kwamba kundi la vijana linalowafungia watu mlango linapaswa kujua ni mlango gani mwingine uko wazi usiku ule.

Therese Giehse alifariki Munich tarehe 3 Machi 1975, siku tatu kabla ya kutimiza miaka 77. Alizikwa Zürich, mji uliompokea. Mji uliomfukuza umempa barabara na kituo cha treni cha chini ya ardhi chenye jina lake. Ni vizuri, ingawa miji huwa hodari zaidi wa kuwaheshimu wafu kuliko kuwasikiliza walio hai.

Basi nipendekeze mambo matatu kwa makundi yetu, Waxaveri, Wakiro na mengine yote. Kwanza, kila kundi lichague mchezo mmoja kwa mwaka ambao hautachezwa kwa ajili ya wageni wala kwa ajili ya sikukuu, bali kwa ajili ya ukweli wa mtaa wetu. Uandikwe na vijana wenyewe baada ya kusikiliza watu: mchimbaji, mama muuza soko, mkimbizi, askari aliyeacha silaha. Pili, mchezo usimalizike na mahubiri. Uachwe wazi, kisha watazamaji wabaki wakae, waulizane, kama tunavyoshirikishana Neno katika jumuiya zetu. Tatu, nafasi zisigawiwe kwa sura wala kwa sauti tamu. Mtafuteni yule anayenyamaza nyuma. Huenda ndiye Kattrin wenu.

Naomba pia mapadri wetu na wazee wa parokia wasiogope mchezo unaouma. Ikiwa vijana wataonyesha jukwaani parokia ambayo nayo imepokea kengele mpya bila kuuliza fedha imetoka wapi, tusiwazime taa. Heri tuumie ukumbini, mbele ya ndugu zetu, kuliko kuumbuliwa siku ile ambayo mapazia yote yatafunguliwa.

Ninyi vijana mnayo ngoma. Wengine wanawaambia mkae kimya mpaka mkue, wengine wanawaambia msali tu na mambo yatajipanga, wengine wanawapa fedha mpige wimbo wao. Salini, naam, tena sana. Kisha mpande juu ya paa, mpige, mji uamke. Na Mwenyeheri Floribert Bwana Chui na Mwenyeheri Anuarite watuombee.